Mwigizaji wa jukwaani aingiapo filamu bubu: mdomo upakwe nini?

Shangani, Mtwara: Wadau, tunarekodi kwa simu igizo la mwigizaji wa jukwaani anayeingia filamu bubu mwaka 1912. Rangi nyekundu ya mdomo inafaa?

Mikindani: Hapana, nyekundu ya jukwaani ilimharibia sura mwigizaji. Utepe wa filamu wa wakati ule haukuona wekundu, mdomo ulitoka mweusi tii. Kwenye simu, ondoa nyekundu kwanza, bakiza bluu na kijani, ndipo ugeuze nyeusi na nyeupe.

Lindi mjini: Mikono pia aitulize. Kamera ilizungushwa kwa mkono, takriban picha 16 kwa sekunde. Ikionyeshwa kwa kasi zaidi, ishara za jukwaani zinakuwa kupapatika. Chora mstari wa chaki sakafuni mbele ya kamera, akiuvuka miguu haitaonekana kwenye picha.

Mikindani: Hata Sarah Bernhardt, nyota wa jukwaani wa Ufaransa, kwenye filamu yake ya 1912 alicheza kijukwaa tu!