Muziki wa filamu, runinga na jukwaa: faili moja inatosha?

Mikindani: Wadau, filamu fupi inakwenda runingani, kisha itaigizwa jukwaani hapa Mtwara. Mtunzi wa muziki ni mmoja. Atumie muziki ule ule kote, au atunge upya?

Masasi: Melodi ibaki, faili zibadilike. Uliza kwanza picha ina fremu (picha tuli moja moja) ngapi kwa sekunde. Filamu nyingi ni 24, runinga zetu 25. Picha ikiharakishwa kutoka 24 kwenda 25, dakika 10 zinakuwa 9 na sekunde 36, na muziki unapanda karibu nusu toni. Rekodi sauti kwa ubora wa 48 kHz, biti 24. Ngoma, waimbaji na gitaa, kila kimoja faili yake, zote zianzie sekunde ile ile. Hapo fundi atashusha ngoma mhusika anapoongea bila kuua wimbo mzima.

Lindi: Ndugu wa Mikindani, jukwaani ndiko kwenye kazi. Mwigizaji hafuati saa! Tunga vipande vya mipigo 8 vinavyorudiwa mpaka neno la ishara litamkwe, ndipo wapigaji wasonge mbele. Kama kuna sindimba, ngoma ya Wamakonde, ngozi za ngoma hulegea kwa unyevunyevu wa pwani na sauti inazama. Ngoma zipashwe moto kabla ya onyesho, na tena wakati wa mapumziko.

Newala: Msisahau mkataba. Utaje matumizi yote matatu na malipo ya kila moja, na kazi isajiliwe COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kabla ya kukabidhi faili. Ukiandikwa "haki zote" kwa bei moja, usisaini.

Mikindani: Asanteni sana. Naanza na fremu.