Transgenda na shoga ni kitu kimoja? Kwanini wanawekwa kundi moja?

Wa_Shangani_Mtwara:
Wakuu habari za jioni, naombeni mnieleweshe bila matusi. Nina mdogo wangu, mtoto wa mamdogo, tumelala kitanda kimoja toka utotoni. Alizaliwa wa kike akachezwa unyago kama sisi wote, nakumbuka siku ya kutolewa kanga mpya mwili mzima na kila mtu anashangilia yeye machozi yanamtoka tu, tukadhani ni furaha. Sasa ana miaka 26, nywele kanyoa, anavaa suruali na shati, juzi tunabangua korosho uani vidole vyeusi kwa mafuta ya maganda akaniambia dada mi ni mwanaume, nimechoka kuigiza. Mtaani wanamwita msagaji na yeye hilo neno linamuuma kweli, anasema sio yeye. Mi sielewi, mbona huko duniani wote, wasagaji, mashoga na transgenda, wanaitwa kwa jina moja LGBTQ?

mzee_wa_mikindani:
Dada pole, na hongera kwa kumsikiliza. Shoga na msagaji ni habari ya unampenda nani. Transgenda ni habari ya wewe mwenyewe ni nani, mwili ulizaliwa hivi ila ndani unajijua vingine, halafu kumpenda nani ni swali lingine kabisa. Ndo maana neno la mtaani linamuuma, linamrudisha kwenye uanamke ambao anasema sio wake.

Binti_Lindi:
Naongezea kuhusu kundi moja. Waliwekwa pamoja sababu waliopigwa walipigwa pamoja, polisi wakivamia baa hawakuulizana huyu shoga huyu transgenda. San Francisco 1966 kwenye mgahawa wa Compton's waliogoma kunyanyaswa na polisi wengi walikuwa transgenda, halafu zikaja vurugu za baa ya Stonewall New York 1969, polisi walipoivamia. Wanaharakati Marsha P. Johnson na Sylvia Rivera walikuwepo kwenye harakati zile na mwaka 1970 wakaanzisha kikundi cha STAR, wakatafuta nyumba ya kulaza vijana waliofukuzwa kwao. Lakini sasa sikia kinachoniuma mimi, 1973 Sylvia anapanda jukwaani kwenye sherehe ya hao hao wenzake kuwasemea walioko jela, wakamzomea. Wenzake! Na 2007 bunge la Marekani lilikuwa na muswada wa kulinda wafanyakazi, wakawatoa transgenda ili upite kirahisi, ukapita bunge la wawakilishi lakini haukuwa sheria. Kwahiyo herufi T ya transgenda kwenye LGBTQ ipo ila mara nyingi imekaa mlangoni.

korosho_daraja_la_kwanza:
Mi naona ni ugonjwa wa akili tu mpelekeni hospitali

mzee_wa_mikindani:
Kaka hapana. Shirika la Afya Duniani liliondoa ushoga kwenye orodha ya magonjwa mwaka 1990, na 2019 likaondoa utransgenda kwenye magonjwa ya akili. Hata hapo ona, wamengoja karibu miaka 30 nyuma ya wenzao. Na sio mambo ya wazungu tu, Kenya hapo Audrey Mbugua, mwanamke transgenda, alienda mahakamani na 2014 akashinda, baraza la mitihani likaamriwa cheti kiandikwe jina lake jipya na alama ya jinsia itolewe.

Binti_Lindi:
Dada jambo moja nakuomba sana, usimtangaze. Kifungu cha 154 cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania kinaongelea tendo la kuingiliana kinyume na maumbile, neno transgenda halimo, lakini mtaa hausomi kifungu, na adhabu inafika maisha. Mjomba akiuliza mwache aseme mwenyewe siku akiwa tayari. Kiswahili chetu kinakusaidia, "yeye" haina mume wala mke, na "mdogo wangu" vilevile.

Wa_Shangani_Mtwara:
Asanteni, nimesoma nikalia. Nimemuuliza anataka nimwite nani, akanyamaza mudaa kisha akataja jina, silisemi hapa. Nimemwita mara tatu jikoni wakati tunapakua ugali na ming'oko, mara ya tatu ndo akaitika.