Mjadala: Mtunzi wa muziki wa filamu auze haki zote kwa malipo ya mara moja?

Mleta mada: Wadau, mkataba unaozidi kuenea ni huu: unalipwa mara moja, haki zote zinahamia kwa kampuni, mrabaha (pesa unayolipwa kila muziki wako unapotumika) usahau. Mwishoni mwa 2019 kampuni ya Discovery iliwataka watunzi wa vipindi vyake waachie mirabaha ya matangazo ya Marekani. Watunzi wakaja juu, kampuni ikarudi nyuma. Msimamo wangu: mkataba wa aina hii usisainiwe, na sheria iupige marufuku. Pesa ya kazi inaisha na kazi. Mrabaha ndio unaomvusha mtunzi miezi asiyokuwa na filamu. Nipingeni.

Mtayarishaji: Napinga. Filamu nyingi hazirudishi hata gharama zake, na anayebeba hasara ni mimi, si mtunzi. Nikienda kuuza filamu nchi 20, mnunuzi anataka karatasi moja inayosema muziki ni wangu. Siwezi kuanza kumsaka mtunzi kila mauzo.

Mtunzi wa tamthilia: Mkuu, hapo umechanganya vitu viwili. Unachohitaji ili uuze filamu ni rekodi yenyewe na ruhusa ya kuuweka muziki kwenye picha. Hizo chukua, hata milele. Mrabaha wa utangazaji ni kitu kingine: hulipwa na kituo cha televisheni kupitia chama cha hakimiliki, kile kinachokusanya na kugawa mirabaha, haumo kwenye bajeti yako. Kwa desturi hugawanywa nusu kwa nusu, fungu la mtunzi na fungu la mchapishaji, yaani anayesimamia haki za muziki. Fungu la mchapishaji ukilitaka, tutaelewana. La mtunzi liache.

Mtayarishaji: Na kituo kikisema hakinunui kipindi chenye mrabaha juu yake?

Mtunzi wa tamthilia: Basi kituo kinataka punguzo, na kinataka litoke mfukoni mwangu. Kiseme hivyo wazi, tupange bei upya.

Mshika mahesabu: Mnaongelea mrabaha kama mshahara wa serikali. Marekani, kumbi za sinema hazimlipi mtunzi mrabaha wa muziki ulio ndani ya filamu, tangu hukumu ya 1948. Nchi nyingi za Ulaya zinalipa. Filamu ikiishia kwenye mtandao mmoja wa kulipia, fungu lako linaweza kuwa dogo mno. Kuna kazi ambazo ni heri udai ada maradufu na uachie haki. Kabla hujakataa, uliza itaonyeshwa wapi.

Halafu tazameni mkataba wa kifurushi, ambapo ada ya mtunzi ndiyo inayolipa wapiga ala, studio na miksi. Chukua filamu yenye dakika 40 za muziki. Ukitunga dakika 2 zilizokamilika kwa siku, hizo ni siku 20 za kutunga tu. Kikao cha saa 3 cha okestra hutoa kama dakika 10 hadi 15, kwa hiyo unahitaji vikao 3 au 4. Sasa mwongozaji akiikata upya picha baada ya kurekodi, sekunde 4 zikatoka katikati ya tukio, mdundo wote baada ya hapo haugongi tena kwenye picha. Nani analipa kikao cha kurudia? Kama mkataba hausemi, ni wewe. Andikeni idadi ya masahihisho, na kwamba picha ikikatwa upya baada ya kufungwa, yaani baada ya uhariri kutangazwa umekwisha, kuna malipo ya ziada. Mimi naona hapa ndipo watunzi wengi wanapofilisika, mrabaha baadaye.

Mleta mada: Kwenye kifurushi nakubali. Kwenye haki bado sijashawishika.

Mkaguzi wa mirabaha: Hata aliyebaki na haki yake hukosa pesa kwa uzembe wa karatasi. Chama hulipa kwa kufuata orodha ya vipande vya muziki: jina la kipande, mtunzi, mchapishaji, muda kwa dakika na sekunde, na kama ni muziki wa usuli au wa ufunguzi. Mara nyingi mtayarishaji ndiye anayeiwasilisha, na asipoiwasilisha hakuna kinacholipwa. Kosa jingine: filamu inauzwa nje kwa jina jipya, orodha ina jina la zamani tu, pesa inakaa bila mwenyewe.

Mtayarishaji: Hilo la orodha nitaliingiza kwenye mkataba, siku 30 baada ya kukabidhi filamu. Fungu la mtunzi bado tunavutana.

Mtunzi wa tamthilia: Sawa, na nakala ya orodha hiyo nipewe mimi pia.