Talaka ya makubaliano India: mdogo wangu asaini kuachia matunzo ya mtoto ili yaishe?

mtoto_wa_upanga:
Wakuu habari za jioni. Sisi ni Wahindu wa hapa Dar, mdogo wangu aliolewa Ahmedabad na ndoa ilifungwa hukohuko, kuzunguka moto na kila kitu. Mwaka na miezi minane sasa hawaishi pamoja, yuko hapa kwetu na binti yake wa miaka minne. Juzi upande wa mume wamepiga simu, wanataka tumalize kwa makubaliano, wanarudisha dhahabu zake zote ila asaini kwamba hatadai chochote cha mtoto, si leo si kesho. Mama kachoka, anasema asaini tu tupumzike. Mimi roho inakataa kabisa. Hivi hilo linakubalika kisheria? Na ni lazima asafiri?

kaka_wakili:
Asisaini hiyo karatasi jamani. Kwanza hizo dhahabu ni stridhan, ni mali yake tangu siku ya harusi, wanamrudishia kilicho chake halafu wanakihesabu kama bei. Pili matunzo ni haki ya mtoto, mama hawezi kuiuza. Sheria ya Kihindu ya 1956 ya kuasili na matunzo inawabana wazazi wote wawili mpaka mtoto afike utu uzima, na binti ambaye hajaolewa hata baada ya hapo kama hawezi kujitunza. Hata akisaini leo, mtoto bado anaweza kudai kesho.
Talaka yenyewe iko kifungu cha 13B cha sheria ya ndoa ya Kihindu ya 1955. Masharti ni muwe mmetengana mwaka au zaidi, mnapeleka ombi la kwanza pamoja, mnasubiri miezi sita ndo mnarudi kuthibitisha. Mwaka 2017 Mahakama ya Juu ya India ilisema hiyo miezi sita jaji anaweza kuisamehe kama mwaka na miezi sita ya kutengana imeshapita kabla ya ombi la kwanza na mambo ya mtoto na pesa yameshamalizwa kweli. Mdogo wako muda anao, kilichobaki ni makubaliano ya maana.

bi_rekha_wa_kariakoo:
Mwanangu mimi yalinikuta, talaka yangu ilikuwa Rajkot, hukohuko India. Tulikubaliana kwa mdomo tu kwamba atatuma ada ya shule na hela ya kila mwezi, nikaona aibu kuandikishana na mtu niliyezaa naye, talaka ikatoka, akatuma miezi miwili akanyamaza. Nimelea kwa kushona nguo. Mwambie mdogo wako kila kitu kiandikwe, ada, matibabu, kiasi kinapanda vipi kila mwaka, baba anamuona mtoto lini. Na kama ni pesa ya mkupuo basi iwekwe benki kwa jina la mtoto, nusu ilipwe ombi la kwanza, iliyobaki ilipwe siku ya ombi la pili kabla hajathibitisha. Maana mpaka hukumu itoke, yeyote anaweza kuondoa ridhaa yake, hapo ndo nguvu ya mdogo wako ilipo, talaka ikishatoka nguvu hiyo imekwisha.

kaka_wakili:
Bi Rekha umesema kweli tupu. Naongeza, kwenye kesi ya matunzo kila upande unatakiwa uapishwe kutaja kipato na mali zake, imewekwa na hukumu ya 2020 ya mahakama hiyohiyo ya juu, kwahiyo kabla ya kutaja kiasi chochote amuombe mume aonyeshe karatasi zake.
Kuhusu safari, ile hukumu ya 2017 inaruhusu video, na hata mzazi au ndugu wa karibu kumwakilisha kama kuna sababu ya msingi. Ila jaji ndo anaamua, kwahiyo mtafute wakili wa Ahmedabad aombe mapema.

mtoto_wa_upanga:
Asanteni sana, Bi Rekha shikamoo na pole mama. Nimemsomea mama yote haya, amekaa kimya muda mrefu halafu akasema basi mpigie shemeji yako mwambie hatusaini. Nampigia sasa hivi.