Nisaidieni na Ruth Simmons, nataka kumuongelea kwa wasichana wa Fom Foo

mwalimu_kayole:
Habarini wadau. Mimi ni mwalimu huku Kayole na Jumamosi nimepewa nafasi niongee na wasichana wa Fom Foo, wengi wazazi wao ni wa vibarua, wa kuuza mboga, wa kufulia watu nguo Donholm na Buruburu. Kila mwaka tunawaletea hotuba zile zile za someni kwa bidii na unaona kabisa hawako na wewe. Saa hii nataka niwape maisha ya mtu mmoja tu, na nimechagua Ruth Simmons, yule mama aliyekuwa mtu mweusi wa kwanza kuongoza chuo cha Ivy League, lile kundi la vyuo vikuu vinane vya kifahari Marekani, yaani Chuo Kikuu cha Brown, 2001. Ninachojua ni cha juu juu: kitindamimba wa watoto 12, amezaliwa Grapeland, Texas, 1945, wazazi wanalima shamba la watu wengine na kugawana mavuno na mwenye shamba. Alitokaje huko mpaka akafika pale? Na akishafika alifanya nini, maana hio ya kuwa wa kwanza peke yake haitoshi, msichana wa Kayole ataniuliza sasa mimi inanisaidia nini.

dada_southb:
Mwalimu umechagua mtu. Anzia hapa: akiwa na miaka 7 hivi familia ilihamia Houston, mtaa wa Fifth Ward, mtaa wa watu weusi na maskini enzi za ubaguzi wa kisheria, shule za weupe huko na za weusi huku. Mamake alikuwa anafanya kazi za nyumba za watu. Akafariki Ruth akiwa na miaka 15. Wasichana wako wataelewa hapo bila wewe kueleza, kifungua mimba au kitindamimba, mama akienda nyumba inabadilika yote.

Sasa kilichofuata ndicho mimi hunigusa. Walimu wake wa Phillis Wheatley High School ndio walimshika mkono, mpaka nguo za kwendea chuo zingine zilitoka kwa walimu, kabatini mwao. Akapata udhamini wa kusoma Dillard, chuo cha watu weusi New Orleans, akamaliza 1967. Katikati alienda mwaka mmoja Wellesley, chuo cha wanawake, na huko ndio aliona kwa macho yake kwamba mwanamke anaweza kuongoza chuo, kwa sababu rais alikuwa mwanamke. Alafu Ufaransa, alafu Harvard, PhD 1973 ya fasihi za Kifaransa na lugha ndugu zake, na utafiti wake ulikuwa juu ya ushairi wa Aimé Césaire wa Martinique. Hebu fikiria mtoto wa shamba la pamba anachambua Césaire kwa Kifaransa chake mwenyewe.

kahawa_wendani:
Niulize tu, na si kwa ubaya, mbona tuende Texas na wetu wapo? Prof. Olive Mugenda alishika Kenyatta University 2006 akawa mwanamke wa kwanza kuongoza chuo cha umma Kenya, akakaa miaka kumi, ukipita Thika Road unaona alichojenga. Na kabla yake Prof. Leah Marangu aliongoza Africa Nazarene huko Rongai, chuo cha kibinafsi. Hawa wasichana wanaweza kupanda matatu waende waone. Alafu waelezee pia rais wa chuo Marekani ni kama vaisi-chansela hapa, si chansela. Hapa chansela ni wa sherehe, na miaka ya Moi alikuwa ni rais wa nchi mwenyewe kwa vyuo vyote vya umma, anakuja mahafali anatunuku digrii.

mwalimu_kayole:
@kahawa_wendani hoja nimeikubali, Mugenda na Marangu nawaingiza. Lakini Simmons simtoi. Kuna kitu alifanya Brown kuhusu utumwa, mwenye anakijua vizuri aniwekee hapa.

mtu_wa_maktaba:
Hapa ndio penyewe, nivumilieni ni ndefu kidogo. Brown iko Providence, Rhode Island, na jina lenyewe linatokana na familia ya Brown, wafanyabiashara wakubwa wa pale. Chuo kilianzishwa 1764. Mwaka huo huo ndugu wanne wa hio familia walituma meli yao, inaitwa Sally, kuja pwani ya Afrika Magharibi kununua watu. Nahodha alinunua watu 196 na angalau 109 walikufa, wengine njiani kwa magonjwa na njaa, wengine walipigwa risasi walipojaribu kuasi, wengine walijirusha baharini. Hesabu iko kwenye daftari la meli, mstari kwa mstari, mtu anakufa anaandikwa namba.

Sasa Simmons, ambaye mababu zake walikuwa watumwa, amekalia kile kiti, na 2003 akaunda kamati ya maprofesa, wanafunzi na wasimamizi akawaambia chimbeni, mtuambie chuo hiki kilifaidika vipi na utumwa na tunadaiwa nini. Hakuna aliyemlazimisha. Angeweza kukaa kimya achangishe pesa, na pesa alichangisha sana tu, kampeni yake ilipita dola bilioni 1.6. Watu walimshambulia, wakasema anataka fidia, wengine wakasema mtu mweusi asimamie vipi jambo kama hilo. Ripoti ikatoka 2006 na haikufichwa. Kukaanzishwa mfuko wa elimu kwa watoto wa shule za umma za Providence, lengo dola milioni 10, baadaye kituo cha utafiti wa utumwa na haki, na 2014 mnara, mpira mkubwa wa chuma umezama nusu ardhini na mnyororo wake umekatika. Baada ya hapo vyuo vingine vikubwa vikaanza kufungua madaftari yao pia.

Mwambie huyo msichana atakayeuliza inamsaidia nini: huyu mama alipofika mezani hakushukuru tu kupewa kiti, aliuliza meza ilinunuliwa na pesa ya nani.

dada_southb:
Na kabla ya Brown alikuwa rais wa Smith, chuo cha wanawake Massachusetts, kuanzia 1995, akaanzisha uhandisi, wa kwanza katika chuo cha wanawake Marekani. Kama uko na wasichana wa fizikia hapo, usiruke hio.

kahawa_wendani:
Sawa nimeelewa kwa nini unamtaka. Lakini usiwape malaika. Akiwa Brown alikuwa pia kwenye bodi ya Goldman Sachs, benki kubwa ya uwekezaji Marekani, na baada ya uchumi kuanguka 2008 watu walimuuliza sana kuhusu zile bonasi na malipo yake mwenyewe, akatoka 2010. Hawa watoto ni werevu, waambie yote.

umoja_inacore:
Niongeze ya pesa maana ndio swali la Kayole. Chini yake Brown ilianza kuchagua wanafunzi wa Marekani bila kuangalia mzazi ana nini, unaingia kwa akili, karo mnaongea baadaye na chuo kinakutafutia. Alafu alishastaafu, yuko nyumbani Texas, akaombwa ashike Prairie View A&M, chuo cha umma cha watu weusi karibu na Houston. Ilikuwa 2017, ana miaka 72, akakubali, akakaa mpaka 2023. Mwaka 2020 bilionea MacKenzie Scott akawapa dola milioni 50, na milioni 10 wakaziweka moja kwa moja kwa wanafunzi wa miaka ya mwisho waliokwama karo kwa sababu ya korona, ili wasiachie njiani wakiwa wamebakisha kidogo. Mimi nilisoma chuo, jina sitaji, nikakaa na digrii yangu imefungiwa ofisini kwa sababu ya salio la karo, kwa hivyo nikisoma hio habari najua uzito wake.

Mwalimu, Jumamosi ni saa ngapi? Niko Umoja, naweza kuvuka nije niwaeleze hao wasichana mambo ya HELB, ile mikopo ya serikali ya wanafunzi wa vyuo, na basari za kaunti, fomu moja moja, wakiwa na karatasi mkononi.

mwalimu_kayole:
Saa tatu asubuhi. Nakutumia ujumbe faraghani sasa hivi. Na @mtu_wa_maktaba, ile habari ya daftari la meli naomba niisome vile umeiandika.