Saladi ya miguu na masikio ya nguruwe

Kitinda Mimba (Kakamega): Shikamoo Shangazi. Nina miguu miwili ya nguruwe, masikio mawili na ulimi, jumla kilo mbili na kidogo. Ile saladi ya Kiitaliano ya Jumapili naanzia wapi?

Shangazi (Kisumu): Marahaba mwanangu. Anzia kwa ulimi, jiko bado halijawashwa. Ugeuze chini juu, upapase. Ukikuta vijipunje vyeupe kama mchele, hiyo ni tegu. Rudisha nyama yote, si ulimi tu.

Kitinda Mimba: Ni laini, hauna kitu. Ila miguu ina nywele katikati ya kwato.

Mjomba (Nakuru): Babua kwa moto, kisha kwangua kwa kisu. Kati ya kwato tumia wembe. Masikio yapasue pale kwenye shina, uchafu hujificha mikunjoni. Sugua na mswaki mpya na chumvi. Ukiruka hapo saladi itanuka zizi, na siki haifichi.

Shangazi: Haswa, shemeji. Halafu chemsha dakika kumi, mwaga maji, osha nyama na sufuria yenyewe. Rudisha na maji baridi yapite nyama kwa vidole viwili. Kitunguu 1, karoti 1, bua la seleri, punje kumi za pilipili manga, vijiko viwili vya siki. Chumvi kijiko cha chai kimoja kwa kila lita, usizidishe, maji yatapungua.

Kifungua Mimba (Nakuru): Presha kuka si ingemaliza haraka?

Shangazi: Italainika, lakini utapata uji wenye mifupa. Maji yatetemeke tu, yasiruke. Yakiruka ngozi hupasuka, mafuta huvurugika supu ikawa nyeupe kama maziwa, na nje inasambaratika ndani bado mpira. Kano na ngozi zinataka muda ili kolajeni, zile nyuzi zake ngumu, igeuke jelatini, ule ute unaoganda ukipoa. Kama ni makaa, yafunike na majivu.

Kitinda Mimba: Saa ngapi?

Shangazi: Kila kimoja na saa yake. Ulimi saa moja na nusu, utoe na umenye ungali moto. Ukipoa ile ngozi hung'ang'ania. Masikio saa mbili, yabaki na kale kamlio ukitafuna. Miguu saa tatu, au mpaka kifupa cha kidole kivutike bila kubishana.

Mjomba: Na mifupa itoe nyama ingali vuguvugu! Ikiganda utakuwa unachonga. Mguu mmoja una vifupa vingi sana, vingine kama punje ya mahindi. Pitisha kila kipande kati ya vidole, hapo macho hayatoshi.

Shangazi: Kisha tandaza kwenye sinia, funika na sahani, weka pakiti ya unga ya kilo mbili juu, friji saa nne. Ikishikana, kata vipande vyembamba vya nusu sentimita. Ukikata moto, vinagandana na kisu.

Kifungua Mimba: Maharagwe gani?

Shangazi: Rosekoko. Ni ndugu wa borlotti ya Waitaliano. Robo kilo makavu, loweka usiku, kisha chemsha mpaka yaive.

Mjomba: Nakuru yape muda zaidi. Tuko karibu mita 1,850, maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi.

Shangazi: Siki iingie maharagwe yakiwa ya moto, ndipo yanaivuta. Vijiko vitatu vya siki ya divai nyekundu, yeyusha chumvi humo kwanza, maana kwenye mafuta haiyeyuki. Halafu vijiko vitano vya mafuta ya zeituni. Saladi ya majani ingetaka mafuta zaidi, lakini hii nyama ina unono wake. Kitunguu chekundu kimoja, kata kama karatasi, loweka kwenye maji baridi robo saa.

Mjomba: Na dania juu?

Shangazi: Shemeji, dania inaita kachumbari. Hapa ni paseli. Milano wana nervetti, gegedu na kano za ndama kwa kitunguu, na wengi huongeza maharagwe. Napoli ndiko mguu wa nguruwe huuzwa barabarani pamoja na pua ya ndama, limau, na chumvi ya kutikiswa kutoka kwa pembe ya ng'ombe iliyotobolewa. Hii yetu ina nyama ya Napoli na bakuli la Milano.

Kifungua Mimba: Chumvi kutoka pembeni 😂 hiyo nimependa.

Kitinda Mimba: Naipakua ikitoka friji?

Shangazi: La. Itoe nusu saa kabla. Ikiwa baridi sana jelatini ni mpira, na mafuta huganda meupe juu ya maharagwe. Changanya, ngoja dakika ishirini, onja tena siki. Karibu kila mara inataka kijiko kimoja zaidi.

Kitinda Mimba: Na paseli nikikosa sokoni?

Shangazi: Majani ya ile seleri, katakata. Supu usimwage, chuja, pikia kunde kesho.