Mashine za gemu za zamani: chogo ibaki au tufunge flati?

Mleta mada: Gemu ya mapigano ya Tekken ilipoingia kwenye kumbi za gemu mwaka 1994, bodi yake (sakiti inayoendesha gemu) ilitokana na PlayStation, mashine ya gemu ya nyumbani. Mtu angetokaje tena nyumbani na sarafu mfukoni? Leo kumbi zinafufuliwa, ila wengi wanang'oa runinga za chogo na kufunga flati. Ni kuziokoa au kuziua?

Upande wa flati: Kuziokoa. Mirija mipya ya picha ya chogo haipatikani kiwandani, na ile ya zamani hubaki na maelfu ya volti hata baada ya kuzimwa. Ukumbi wa biashara hauwezi kumsubiri fundi kila wiki.

Upande wa chogo: Mkuu, chogo nyingi zinazotupwa bado ni nzima. Picha ikisinyaa au kupinda pembeni, mara nyingi kapasita (vifaa vidogo vya kutunza chaji kwenye sakiti) zimekauka. Chomoa umeme, kisha toa chaji iliyobaki kwenye mrija. Funga waya kutoka kwenye chuma cha bisibisi yenye mpini wa plastiki hadi kwenye waya wa ardhi unaozunguka mrija, kisha penyeza ncha chini ya kofia ya mpira iliyo juu ya mrija, mkono wa pili ukiwa nyuma ya mgongo. Ngoja dakika chache urudie, maana chaji hujirudia. Hapo ndipo ubadilishe kapasita, na uangalie sana upande wa hasi.

Tena gemu ya Asteroids ya 1979 haina pikseli (vidoti vya picha) kabisa: miale ya mrija huchora mistari yenyewe, na risasi huwaka kuliko chombo kwa kuwa miale hutulia pale. Hakuna flati inayotoa mwako ule. Kigeuza picha cha bei nafuu, kile cha kuunganisha bodi ya zamani na flati, nacho kikichelewesha fremu (picha moja moja za mchezo) 2, hizo ni milisekunde 33 hivi. Mchezaji mzuri wa Street Fighter II atazihisi.

Mdau mwingine: Mnabishania kioo, bodi zinakufa! Bodi ya CPS-2 ya kampuni ya Capcom hutunza ufunguo wa siri wa kufungulia gemu kwa betri ya volti 3.6, ikiisha, gemu haiwaki. Pimeni pia umeme wa volti 5 unaoendesha bodi, kwenye bodi yenyewe, si kwenye pawasaplai: viunganishi vyenye kutu huila, na ikishuka chini ya 4.75 gemu hujizima na kujiwasha.

Upande wa flati: Kwa Asteroids nakubali. Pac-Man je?

Upande wa chogo: Funga flati, lakini usikate nyaya wala kupasua fremu ya mashine. Chogo ihifadhiwe palipo pakavu, irudishwe fundi akipatikana.